Nyumba za kudaunlodi kwenye The Sims 4: jinsi ya kuziweka mpaka zionekane

Watu wengi wakidaunlodi nyumba ya The Sims 4, ile gemu ya kuiga maisha ya familia na nyumba zao, wanafanya kitu kilekile, wanachukua kila kilichomo kwenye zip wanakimwaga kwenye folda ya Mods, wanafungua gemu, nyumba haipo, wanafuta, wanadaunlodi tena, bando linakata. Na zip wala haikuwa na shida. Ni kwamba nyumba ya kudaunlodi inakuja na mafaili ya aina mbili na kila aina ina folda yake, ukishalishika hilo kazi iliyobaki ni kopi na pesti tu.

Aina ya kwanza ni nyumba yenyewe, yaani kuta, vyumba, paa, na orodha ya kila kitu kimekaa wapi. Hii inaenda kwenye folda inaitwa Tray. Aina ya pili ni CC (custom content), vile vitu wanavyotengeneza wachezaji wenyewe ambavyo gemu haikuja navyo, masofa, mapazia, vigae, milango, makabati ya jikoni, hivi vinaenda Mods. Chukulia Tray ni ramani ya fundi na Mods ni stoo ya vifaa: ramani inasema hapa likae sofa fulani, gemu inaenda stoo kulitafuta, isipolikuta inaacha pengo inaendelea na shughuli zake. Ndo maana unakuta mtu nyumba imekubali kabisa lakini sebule ni tupu kama wamehama jana.

Hapa naongelea The Sims 4 ya kompyuta, Windows au Mac. Wa PlayStation na Xbox nyie poleni, kule CC haiingii, mna Gallery tu ya ndani ya gemu, ile maktaba ya nyumba wanazoshea wachezaji, na inawatosha kwa nyumba zisizo na CC. Sims 3 na Sims 2 nitazigusa mwishoni maana zenyewe zina utaratibu tofauti kabisa.

Kabla hujadaunlodi chochote

Soma maelezo ya aliyejenga. Najua hakuna anayesoma, ila hapa yasome, kuna mambo matatu unatafuta.

La kwanza ni paki, yaani vile vifurushi vya nyongeza vya gemu vinavyouzwa. Gemu ya msingi imekuwa ya bure tangu tarehe 18 Oktoba 2022 kwahiyo wengi wetu tunacheza na ile ya bure tu bila paki za nyongeza au na moja mbili tulizozipata kwenye ofa, wakati huyo mjenzi wa Ulaya au Marekani ana paki zote na ametumia dirisha la paki hii, ngazi ya paki ile, bafu la paki nyingine. Ukiweka nyumba yenye vitu vya paki usiyonayo, vingine gemu inakubadilishia na kitu cha kawaida na vingine vinapotea kabisa. Nyumba bado utaipata ila haitafanana na picha. Kama unacheza ya bure tafuta zilizoandikwa "base game only", zipo nyingi na zingine ni kali kuliko hizo za mapaki.

La pili ni saizi ya kiwanja. Viwanja vya The Sims 4 vina vipimo maalumu, kuna 20x15, 20x20, 30x20, 30x30, 40x30, 50x50 na kadhalika, mwisho kabisa 64x64. Nyumba ya 40x30 haiingii kwenye kiwanja cha 30x20 hata ufanyeje. Ikiingia kwenye kikubwa zaidi inakubali, ila unabaki na mipaka ya nyasi tupu pembeni na uzio unaonekana umeishia katikati ya uwanja, kwahiyo bora saizi ileile. Angalieni sana hizo 64x64, picha zake zinavutia ila viwanja vya hivyo ni vichache, mji wa Windenburg wa paki ya Get Together unavyo, ila usidaunlodi kabla hujajua utaiweka wapi.

La tatu ni kama ina CC au haina. Wakiandika "no CC" unahitaji Tray tu na kazi yako ni dakika mbili. Kama ndo unaanza, anza na hizo. Ikiwa na CC uliza swali moja, je CC zimo ndani ya zip hiyohiyo au mjenzi ametoa listi ya linki ukazitafute mwenyewe? Wengi wanatoa linki kwasababu wengi wa wanaotengeneza CC hawataki kazi yao ipakiwe upya na mtu mwingine, na ni haki yao. Sasa nyumba moja inaweza kuwa na linki arobaini, bando lako lijiandae, na mi kwa maoni yangu nyumba ikizidi linki kumi na tano hivi achana nayo mpaka uwe na wifi ya mtu.

Alafu kuna hizi CC za kuitwa Alpha na zile za Maxis Match. Alpha ni zile zinazotaka kufanana na vitu halisi kabisa, kitambaa unaona nyuzi, Maxis Match ni zile zinazofuata mtindo wa katuni wa gemu yenyewe. Kama laptopu yako ina RAM ya 4GB, ambayo ndo kiwango cha chini gemu inachotaka, usijaribu nyumba iliyojaa Alpha. Itafunguka, ila utakuwa unapika ugali huku inalodi.

Tafuta folda yako kwanza

Hii ndo sehemu inayowapoteza watu. Folda unayoitaka haiko kule gemu ilikoinstoliwa, yaani siyo Program Files. Iko kwenye Documents, unaingia Electronic Arts, unaingia The Sims 4. Ndani utaona Mods, Tray, saves (humo ndo inahifadhiwa michezo yako), Screenshots na mafaili mengine. Mac ni hivohivo, Documents, Electronic Arts, The Sims 4. Kama hiyo folda haipo kabisa, fungua gemu mara moja ifike kwenye menyu kuu, funga, rudi, itakuwa imejitengeneza.

Wa Kongo, Burundi na kwingine mnaocheza gemu ikiwa kwa Kifaransa, folda yenu inaitwa Les Sims 4. Na ukibadilisha lugha ya gemu unaweza kukuta folda mbili, ya zamani na mpya, ukaweka vitu kwenye ile isiyotumika ukashangaa. Njia rahisi ya kujua ipi inatumika: ingia kwenye saves uangalie tarehe ya faili la mwisho. Yenye tarehe ya uliyocheza jana ndo yenyewe.

Mtego mwingine ni OneDrive, ile stoo ya mtandaoni ya Microsoft. Windows za siku hizi zinapenda kuihamishia Documents kwenye OneDrive bila wewe kuelewa, unakuwa na Documents mbili, moja ya kawaida na moja ya ndani ya OneDrive. Mbinu ni ileile ya kuangalia saves. Na kama OneDrive yako imejaa au intaneti ni ya kuungaunga ningekushauri uizime kwa folda hiyo, maana inaweza kuyaacha mafaili juu mtandaoni, kwenye kompyuta ikabaki alama tu ya wingu, na gemu haisomi wingu.

Kabla hujagusa kitu, kopi folda nzima ya The Sims 4 uiweke kwenye fleshi au sehemu nyingine. Familia zako zote zimo humo kwenye saves. Umeme ukikatika katikati ya kazi au CC mbovu ikiingia una pa kurudi.

Kufungua zip na kupanga mafaili

Gemu iwe imefungwa. Zip ya kawaida Windows inaifungua yenyewe, ila .rar na .7z utahitaji programu, 7-Zip ni ya bure na nyepesi. Fungulia kwenye desktop au folda yoyote ya pembeni, usifungulie moja kwa moja kwenye Mods, kwasababu unataka kuona kilichomo kwanza. Mara nyingine ndani ya zip kuna zip nyingine, ifungue na hiyo pia, gemu haisomi kitu kilicho ndani ya zip.

Sasa washa ile seting ya kuonyesha mwisho wa majina ya mafaili, kwenye Windows unaingia View (Windows 11 ni View alafu Show) unatiki "File name extensions". Bila hiyo utakuwa unabahatisha. Ukishawasha utaona haya:

.trayitem, .blueprint na .bpi – hiyo ndo nyumba. Blueprint ndo mwili wa nyumba, bpi ni picha zake ndogo zile unazoziona kwenye gemu na mara nyingi zinakuwa kadhaa, trayitem ndo kadi yenye jina na maelezo. Zote zinaenda Tray. Majina yake ni manamba marefu yanayoanza na 0x, usiyabadilishe hata herufi moja, hayo manamba ndo yanayoziunganisha pamoja.

.room na .rmi – hiki ni chumba kimoja, siyo nyumba nzima. Tray pia.

.householdbinary, .hhi na .sgi – hii ni familia. Kuna wajenzi wanaweka na familia ndani ya zip. Tray pia kama unaitaka, kama huitaki iache.

.package – hii ni CC. Mods.

.ts4script – hii ni modi ya skripti, inabadilisha jinsi gemu inavyofanya kazi. Nyumba ya kawaida haihitaji hii. Ukiikuta soma maelezo kwanza kwa nini imewekwa.

.exe – futa. Nyumba haina sababu yoyote duniani ya kuja na .exe.

Hilo la mwisho silisemi kutishia mtu. Mwaka 2024 kuna modi za skripti za Sims 4 zilikutwa na virusi vya kuiba paswedi na taarifa za watu, ndo maana ikaja modi ya ulinzi inaitwa ModGuard ya TwistedMexi. Mafaili ya .package ya masofa na ya Tray hayana historia hiyo, ila .ts4script na .exe kutoka kwa mtu usiyemjua ni hapana. Na kwenye hizo saiti zenye matangazo mengi, ile batani kubwa ya kijani inayong'aa imeandikwa Download huwa siyo yenyewe, yenyewe ni ile ndogo ya aibuaibu iliyojificha chini.

Ukishapanga, chukua mafaili yote ya nyumba uyapesti kwenye Tray. Yakae wazi, siyo ndani ya folda nyingine. Narudia kwasababu hapa ndo watu wananaswa: ukipesti folda nzima inaitwa "Modern House" ndani ya Tray, gemu haiingii humo. Ingia ndani ya hiyo folda, chagua mafaili yote, kopi, toka, pesti kwenye Tray penyewe. Itaonekana fujo ya manamba, ndivyo ilivyo, Tray ya kila mtu ni fujo.

Mods yenyewe inaruhusu folda ndani yake, mpaka tano kwenda chini kwa .package. Skripti ni folda moja tu kwenda chini, ukizidisha haisomwi. Mi napanga kila nyumba na folda yake, yaani Mods, alafu folda yenye jina la nyumba, alafu package zote humo. Siku nyumba ikinichosha nafuta folda moja basi, siyo kuanza kukumbuka lile pazia la maua lilikuja na nyumba gani. Kuna watu wanapanga kwa aina, makochi huku, taa kule, ni nzuri pia hasa kama CC zako zinajirudia kwenye nyumba nyingi, ila ukifika siku ya kutafuta ipi mbovu utajuta kidogo.

Humo Mods utaliona faili linaitwa Resource.cfg, liache, ndo linaloiambia gemu isome folda zako.

Ndani ya gemu

Fungua gemu. Ingia Game Options, nenda Other, tiki "Enable Custom Content and Mods". Kama una skripti tiki na ya skripti, iko hapohapo chini. Bonyeza Apply, alafu funga gemu uifungue upya, bila kufungua upya haibadiliki kitu. Kila apdeti kubwa ya gemu ikija hiyo tiki inajitoa yenyewe, kwahiyo siku nyumba zako zote zimekuwa magofu ghafla usilie kwanza, nenda Other ukaangalie.

Sasa ingia kwenye save yako, bonyeza F4 ifunguke Gallery, nenda kwenye "My Library", hiyo ndo inayosoma folda ya Tray. Nyumba zisizo na CC utaziona papohapo. Zenye CC hazionekani! Gemu inazificha kwa makusudi. Upande wa kushoto kwenye vichujio shuka mpaka Advanced, tiki "Include Custom Content", na hapo ndo zitatokea. Hii tiki moja ndo jibu la maswali karibu yote ya "nimeweka kila kitu vizuri na nyumba sioni", nyumba ilikuwepo muda wote inasubiri utiki kaboksi.

Ukiibonyeza nyumba utaona saizi ya kiwanja, bei, na paki zinazohitajika. Hakikisha saizi hapo.

Usiiweke bado. Kwanza fungua kisanduku cha chiti, yaani pale pa kuandika maneno ya kuvunja sheria za gemu, Ctrl na Shift na C kwa pamoja, Mac ni Cmd badala ya Ctrl, alafu andika

bb.moveobjects on

ubonyeze Enter. Hii unaiwasha KABLA ya kuweka nyumba. Sababu ni kwamba wajenzi wazuri wanavibananisha vitu kupita sheria za gemu, maua ndani ya kikapu, vitabu vimeegemea taa, kapeti limepita chini ya ukuta, na wao walijenga chiti ikiwa imewashwa. Wewe ukiweka bila chiti, gemu inaviona hivyo vitu vimegongana inavitoa. Nyumba inakuja bila robo ya urembo wake na hakuna ujumbe wowote unaokwambia. Ukisahau, ifute nyumba hiyo kwenye kiwanja, washa chiti, iweke tena, mafaili yako ya Tray hayajaguswa.

Kuweka sasa. Chagua kiwanja, kikiwa kitupu ndo raha zaidi. Mji wa Newcrest ulikuja bure mwaka 2015 na una viwanja 15 vyote vitupu, ndo mahali pa kufanyia majaribio. Chukua nyumba kutoka My Library uiweke, kuna mishale ya kuizungusha kabla hujaikubali, angalia mlango wa mbele uangalie barabara isije familia ikawa inaingilia uani kila siku. Kama kiwanja kina nyumba tayari, hiyo ya zamani inafutwa na mpya inakaa, kwahiyo kama unaipenda ihifadhi kwanza kwenye My Library yako.

Pesa nayo. Sim mmoja, yaani mhusika wako, anaanza na simoleoni 20,000, ndo pesa ya gemu, na nyumba nyingi za kudaunlodi ni za bei ya ndoto, laki mbili laki tatu. Unaweza kuchiti, motherlode inakupa 50,000 kila ukiiandika, au ukiwa kwenye ramani ya mji kabla hujaihamisha familia andika FreeRealEstate on na nyumba zote zinakuwa za bure. Njia nyingine ya wanyonge ni kuinunua bila fanicha, bei inashuka sana alafu unajaza mwenyewe pole pole. Wanaosema kuchiti pesa kunaharibu gemu waache, wao wana muda.

Ukishahamia usianze kucheza moja kwa moja, mzungushe Sim wako nyumba nzima. Mwambie aende jikoni, apande juu, aingie bafuni, akae kwenye kila kochi. Nyumba nyingi zimejengwa kwa ajili ya picha, unakuta meza ya kula imezuia mlango au ngazi ina ua mbele, Sim anapiga kelele mikono juu hawezi kupita. Gereji usihangaike nayo, Sims 4 haina magari ya kuendesha, ni urembo. Kingine angalia kama jikoni kuna king'ora cha moshi, wajenzi wa picha huwa wanakiruka kwasababu kinaharibu mwonekano wa dari, na Sim asiyejua kupika atakuunguzia nyumba wiki ya kwanza. Cha kushangaza ni kwamba Will Wright, aliyeibuni The Sims ya kwanza, alipoteza nyumba yake kwenye moto mkubwa wa Oakland mwaka 1991, na wazo la gemu lilitokana na ile hali ya kuanza kujipatia vitu upya. Kwahiyo weka king'ora.

Ikigoma

Nyumba haionekani kabisa My Library: tiki ya Include Custom Content, alafu angalia mafaili yako wazi kwenye Tray siyo ndani ya folda, alafu angalia kama .blueprint na .trayitem zote zipo, moja ikikosekana hakuna nyumba. Mara nyingi daunlodi ilikatika katikati ukabaki na nusu.

Nyumba imekuja lakini kuna mapengo: ama CC haijakamilika ama ulisahau chiti ya bb.moveobjects ama ni paki usizonazo. Kujua ni ipi, kuna programu ya bure ya Windows inaitwa Sims 4 Tray Importer, unaburuta mafaili ya Tray ndani yake inakuonyesha nyumba ile inatumia CC zipi kati ya ulizonazo na inahitaji paki zipi. Inasaidia pia ukitaka kumpa mwenzio nyumba yako, inakukusanyia mafaili yote mahali pamoja.

Kitu kimekuja na alama za kuuliza au cheusi tii au kinamulika rangi za ajabu: CC hiyo ni ya zamani, apdeti ya gemu imeipita. Angalia kwa mtengenezaji kama ametoa mpya. Vitu vya zamani sana vingine vinarekebishika kwa Sims 4 Studio, ina sehemu ya kurekebisha mafaili mengi kwa mkupuo, ila isome vizuri na uwe na kopi pembeni.

Umeondoa CC na bado inaleta miujiza, au umeweka mpya na gemu inaonyesha ya zamani: funga gemu, futa faili linaitwa localthumbcache.package, liko palepale kwenye folda ya The Sims 4 siyo ndani ya Mods. Usiogope, gemu inalitengeneza upya ikifunguka. Fanya hivi kila ukiongeza au kupunguza kitu Mods, izoee tu.

Gemu haifunguki kabisa baada ya kuweka CC: toa folda ya Mods uiweke desktop, fungua gemu. Ikifunguka, mbovu iko humo. Rudisha nusu ya mafaili, fungua. Ikigoma mbovu iko kwenye hiyo nusu, ikikubali iko kwenye nusu nyingine. Gawanya tena hiyo nusu, na tena, mpaka ubaki na faili moja. Inachosha ila kwa mafaili mia hayazidi mara saba nane, kuliko kujaribu moja moja. Hapo ndo utashukuru kama uliweka nyumba moja moja kwa siku, siyo kumi usiku mmoja.

Na kitu kimoja kuhusu hela: ukikuta nyumba au CC imefungwa mpaka ulipie, EA, kampuni yenye gemu, ilishatoa msimamo mwaka 2022 kwamba inaruhusiwa kuwapa wanaochangia mapema kwa muda, ila baadae lazima iwe ya bure kwa wote. Kwahiyo subiri tu, itashuka.

Wa Sims 3 na Sims 2

Najua mko wengi maana laptopu zetu zinazipenda hizo zaidi. Sims 3 nyumba inakuja kama .Sims3Pack, unaiweka Documents, Electronic Arts, The Sims 3, Downloads, alafu unafungua Launcher ya gemu (kile kidirisha kinachotangulia kabla gemu haijaanza), unaenda sehemu ya Downloads, unatiki nyumba, unabonyeza Install na kusubiri, inaweza kuchukua muda mrefu na skrini ikaonekana imeganda, usiifunge. Nyumba ikija kama .package badala ya Sims3Pack, hiyo unaiweka kwenye folda ya Library, Launcher haihusiki. Tahadhari ya Sims 3 ni kwamba Sims3Pack inafungasha CC zote ndani yake bila kukuuliza, na zamani kuna mdoli mmoja mbovu ulisambaa hivyo kwenye gemu za watu wengi mno bila kujua. Programu inaitwa CUSTARD inafungua Sims3Pack ukaona kilichomo na kutoa usichotaka kabla ya kuinstoli.

Sims 2 ni .Sims2Pack na hapo usibofye mara mbili faili ukaiachia gemu iinstoli yenyewe, tumia Sims2Pack Clean Installer, inakuonyesha listi ya kila kitu kilichofungashwa na nyumba, unatoa tiki kwenye modi zilizojificha na vitu ambavyo tayari unavyo. Na nyumba ya Sims 2 ambayo mjenzi anasema iliwahi kukaliwa na familia usiichukue, inabeba mabaki ya hao Sims waliohama na yanaweza kukuharibia mtaa mzima. Chukua zile ambazo hazijawahi kuingiwa na mtu.